Mara Tisa Ziwani

Bibi Ritsu alishika kimono cha kijivu mkono huu na cha zambarau mkono huu, akavigeuzageuza kama anachagua samaki, kisha akakata shauri kwamba cha kijivu ndicho kitakachofaa kuombea radhi. Cha zambarau, alisema, kina kiburi mabegani.

"Kumbe na nguo nazo zina kiburi?" Namie aliuliza.

"Wewe cheka tu. Wakubwa wanaangalia hivyo vitu."

Namie hakuwa anacheka. Alikuwa amekaa na mama yake, huyo Bibi Ritsu, mdogo wake Yasuji, na Kimie mke wa Yasuji, wote wanne wameingiza miguu chini ya blanketi la meza yenye jiko la mkaa uvunguni, na nje theluji ya Kyoto ilikuwa inageuka tope. Walikuwa wanajadili jinsi atakavyoinama kesho. Kwamba atainama, hilo lilikwishaamuliwa, na liliamuliwa wakati yeye yuko bafuni anaoga.

Na mwenye nyumba ni yeye! Paa, friji, televisheni ambayo majirani huja kuitazama na kuisifia, hata figili ya kuchacha aliyokuwa anaitafuna Yasuji kwa mdomo wazi, vyote vilitoka usoni mwa Namie. Alianza filamu akiwa na miaka kumi na mitano, sasa ana thelathini na sita. Kwa miaka hiyo ishirini na moja ameshakufa kwenye filamu mara kumi na saba, ameolewa mpaka amesahau idadi, na tangu mwaka juzi kampuni imeanza kumpa uzee: katika filamu moja alikuwa mama wa mwanamume aliyemzidi yeye umri kwa miaka miwili. Mizuhara Namie lenyewe ni jina la kampuni. Kwao aliitwa Fumi, lakini hata mama aliyemzaa aliliacha jina hilo siku mkataba wa kwanza ulipogongwa muhuri, akaanza kumwita Namie kama mashabiki wanavyomwita.

Kosa lenyewe lilikuwa sentensi mbili fupi. Wiki mbili nyuma walikuwa Ziwa Biwa wanapiga picha ya mke anayejitosa majini. Namie alitembea hadi ncha ya gati, akatazama mawingu, akalia, na hapo kazi yake ikaisha. Wa kujitosa alikuwa Makita Hatsue, mbadala wake, msichana wa miaka ishirini na miwili ambaye huvalishwa nguo za Namie na wigi la Namie na kupigwa picha kwa nyuma, kwa sababu shingo zao zinafanana. Hatsue akajitosa. Mwongozaji Kuroiwa akasema mkono wa kimono haukuelea vizuri, arudie. Akarudia. Mkono ukaelea, lakini jua likajificha. Akarudia tena. Kulikuwa na barafu kando ya maji, na kila alipotolewa walimpangusa, wakamvalisha kimono kikavu, wakamrudisha. Mara ya mwisho kamba ya usalama ilijisokota kwenye nguzo ya gati, akakaa chini ya maji muda ambao binadamu hapaswi kukaa. Sasa yuko hospitali, na daktari amesema pafu la kushoto lisahauliwe.

Kampuni ikatangaza kwamba binti aliingia majini mara mbili tu, na mara ya pili akateleza kwa uzembe wake. Mwandishi mmoja wa gazeti akamkuta Namie kwenye lango la hospitali, akamwuliza. Namie akajibu, "Ni mara tisa. Nilihesabu."

Basi. Hilo ndilo kosa.

"Nilihesabu, ati!" Yasuji alisema, akiligonga gazeti kwa kijiti cha kulia. "Dada, nani alikutuma uhesabu? Wewe ni karani?"

"Nilikuwa nimekaa bure."

"Wenzako wakikaa bure wanalala. Unajua mimi wamenifanya nini kule? Wamenigeuzia meza. Natazama ukuta toka asubuhi mpaka jioni. Hata chai hawaniletei. Jana nimejichemshia mwenyewe."

"Masikini ya Mungu. Siku ya kwanza ya kazi tangu uajiriwe."

Yasuji alikuwa katika idara ya matangazo ya kampuni ile ile, na kila mtu alijua aliingiaje. Alivimba, akamtazama mke wake amsaidie. Kimie akajipapasa tumbo la miezi saba.

"Wifi, mimi siongei kwa ajili yangu. Mimi hata mkinipa wali na chumvi nitakula. Naongea kwa ajili ya huyu."

Huyu! Hajazaliwa, na tayari ana neno juu ya shingo ya shangazi yake. Namie alilitazama lile tumbo, kisha akaona haya kwa alichokifikiria.

Masharti yalikuwa yameletwa juzi na Meneja Tadokoro, mtu mwenye sauti laini na viatu visivyopata tope hata siku ya mvua. Alhamisi saa nne asubuhi, nyumbani kwa Mkurugenzi Mkuu. Namie aje na kasha la halua ya maharage kama anavyokuja yeyote aliyekosa. Aseme alikuwa amechoka, kichwa kilimruka, zilikuwa mara mbili. Waandishi watakuwepo, watapiga picha, yamekwisha, mwezi wa nne anaanza filamu mpya.

"Na nisipokuja?" Namie alimwuliza.

"Bibi, usinifanye niseme maneno mabaya ndani ya nyumba yako. Mkataba utachanwa. Na unajua makampuni yalivyokubaliana: anayeachwa na moja haokotwi na jingine. Utafanya nini? Ukapike tambi stesheni?" Akacheka, akainama, akaomba radhi kwa kucheka.

Sasa Bibi Ritsu alikwenda ukutani, akakaa juu ya mto, akajinyoosha na kukunja uso. Alikuwa ameshakuwa Mkurugenzi Mkuu.

"Haya, ingia."

"Mama, tafadhali."

"Ingia, nimesema! Unataka ukaharibu mbele ya watu?"

Namie akatoka hadi ukumbini, akapiga magoti, akafungua mlango wa karatasi, akaingia, akaweka viganja sakafuni, akainama. Alifanya kwa sababu kukataa kungechukua muda mrefu zaidi.

"Hapana, hapana. Unainama kama malkia anayesalimu raia. Wewe ni mkosaji. Shusha mabega. Kimie, njoo mshushe mabega."

Kimie akaja na tumbo lake akayakandamiza mabega ya wifi yake kwa mikono miwili. "Hivyo, wifi. Na kesho mdomo usipake rangi. Unywele mmoja utoke hapa sikioni, kama hukulala."

"Na chozi?" Bibi Ritsu aliuliza.

"Chozi lije akiinuka," Yasuji alisema huku anatafuna. "Likija akiwa ameinama, nani ataliona? Wapiga picha wako mbele."

"Umesikia, Namie? Ukiinuka."

Namie alibaki pale chini, paji la uso kwenye mkeka, akisikia harufu ya nyasi kavu na ya figili ya Yasuji. Watu wake mwenyewe, damu yake, wamemzunguka kama mafundi wa taa, kila mmoja na kipande chake cha kurekebisha.

"Hakuna hata mmoja aliyeniuliza kama ni kweli," alisema akiwa bado ameinama.

"Kweli nini?"

"Mara tisa."

Wakatazamana. Bibi Ritsu akakohoa.

"Mwanangu, nani kasema si kweli? Wewe huwezi kudanganya, nakujua. Lakini kweli hiyo ilishakupita, iko huko majini. Ya nini kuifuata?"

Namie akainuka, akarudi mezani. Alikuwa na uchafu wake wa kuuficha. Siku ile ziwani yeye alikaa kando ya jiko la mkaa, mablanketi matatu begani, mtu mahususi wa kumshikia kikombe cha tangawizi. Alimwona Hatsue akipita mbele yake midomo imekuwa ya bluu, akahesabu nne. Akahesabu tano. Mara ya sita msichana alimtazama, akatabasamu kama kuomba radhi kwa kuchelewesha watu. Namie akatabasamu pia. Angesema "Kuroiwa, inatosha," Kuroiwa angenuna lakini angeacha, kwa sababu nyota wa filamu alikuwa yeye. Mdomo haukufunguka, na kikombe cha tangawizi alikimaliza.

* * *

Mchana ule ule alikwenda hospitali peke yake, skafu kichwani ili asitambulike. Muuza samaki wa kona, ambaye miaka yote humsalimia tangu akiwa mbali, leo aliinama ghafla kutafuta kitu ndani ya ndoo yake.

Hatsue alikuwa katika chumba cha watu sita, kitanda cha mwisho. Sauti ilikuwa imebaki nyembamba, na kila maneno matatu alipumzika.

"Dada, umekuja kwa miguu? Na theluji hii?"

"Nyamaza. Usichoke."

"Nesi alinisomea gazeti. Nililia mpaka wenzangu wakanifokea." Akapumzika. "Wanasema niliteleza, dada."

"Nimesikia."

"Sikuteleza."

"Najua, Hatsue. Nilikuwa pale."

"Wewe unajua. Lakini mbadala akitangazwa anateleza ndiyo basi. Hakuna atakayemvalisha hata soksi ya mtu. Mimi sina sura. Nina shingo, na sijui kuogopa. Wakisema ninateleza, nina nini?"

Namie alitaka kumwambia kwamba kwa pafu moja hakuna maji atakayoyaingia tena maishani mwake. Badala yake alimnyooshea blanketi ambalo lilikuwa limenyooka.

"Meneja Tadokoro alipita jana," Hatsue akasema. "Alileta machungwa. Kasema kesho unakwenda kwa Bwana Mkubwa kurekebisha ile hesabu."

"Kasema hivyo?"

"Eeh. Nikamwambia dada hawezi." Akamtazama Namie kwa macho ya homa, makubwa, yasiyo na shaka yoyote. "Si huwezi, dada?"

"Siwezi."

"Sema tena."

"Siwezi, Hatsue. Nitasema tisa mbele ya uso wake."

Msichana akafumba macho akacheka kidogo, kicheko kikageuka kikohozi, na nesi akaja kumtoa Namie nje. Barabarani Namie alitembea kichwa juu. Ilikuwa mara ya kwanza tangu ziwani kujiona ni mtu, na aliifurahia hali hiyo zaidi kuliko inavyostahili.

* * *

Nyumba ya Mkurugenzi Mkuu ilikuwa na lango la mierezi na bustani iliyofagiliwa mpaka mawe yake yanaonekana yana woga. Gari la kampuni lilimfikisha saa nne kasorobo. Alivaa kile kimono cha kijivu, na kasha la halua alilipakata likiwa limefungwa kwa kitambaa, kwa sababu kukataa kasha kungeamsha ugomvi nyumbani kabla ya wakati wake. Ugomvi alitaka uwe huku, mbele ya kamera. Unywele wa Kimie ulining'inia sikioni.

Mtumishi akamkalisha kwenye ukumbi mwembamba nje ya sebule kubwa. Kulikuwa na mtu mwingine pale, mzee mdogo, amekunja magoti moja kwa moja kwenye ubao ilhali mto upo kando yake. Koti lake lilikuwa la kuazima, mikono ilimfika kwenye vidole. Mbele yake alikuwa ameweka kasha la halua la duka lile lile, kubwa kuliko la Namie.

Alipomwona Namie, mzee alibandika paji la uso sakafuni.

"Bi Mizuhara! Mimi ni Makita Torakichi. Baba yake yule mkosaji."

"Mkosaji gani?"

"Hatsue, bibi. Binti yangu. Nimetoka pwani ya Tango kwa treni ya alfajiri, sisi ni wafumaji hariri. Nimekuja kuomba radhi kwa kampuni. Amewasimamishia watu kazi siku tatu. Kamera zimelala, watu wamekula bure hotelini. Na wewe, bibi, alikuwa amevaa nguo zako na nywele zako, akaanguka navyo mbele za watu. Nisamehe. Mama yake angekuja pia lakini tumeshindwa nauli ya wawili."

Namie alihisi damu inampanda masikioni. Hivi kweli? Mtoto wa mtu anazamishwa kama nguo ya kufua, baba yake anapanda treni kuja kuwaomba radhi wafuaji?

"Mzee Makita, inuka. Tafadhali, inuka unisikilize. Binti yako hakuteleza."

"Wameniandikia aliteleza."

"Wamekudanganya. Walimrudisha majini mara tisa. Mara tisa, mzee, kwenye maji ya barafu. Mimi nilikuwa pale, niliona kwa macho yangu."

Mzee aliinua kichwa. Namie aliuona uso ule unabadilika polepole, akasubiri hasira. Alikuwa tayari kumshika mkono, kuingia naye sebuleni, kusimama naye.

"Mara tisa?" mzee alisema. Macho yakamlenga machozi. "Walimpa nafasi mara tisa?"

"Mzee..."

"Kwetu kwenye kufuma kitambaa, binti akikosea mara tatu tajiri anamrudisha kwao. Mara tatu tu! Kumbe wakubwa hawa walimvumilia mara tisa, mtoto wa mfumaji. Nami sikujua, nimekuja na kasha moja." Akaliangalia kasha lake kwa aibu. "Asante kuniambia, bibi. Ningeingia mle ndani nikaacha kushukuru."

Namie alifungua mdomo. Utamweleza nini mtu huyu? Utaanzia wapi? Mlango ulisukumwa, na sauti laini ya Tadokoro ikasema, "Karibuni, karibuni ndani."

* * *

Sebuleni walikuwepo watu kama kumi. Mkurugenzi Mkuu, mnene, aliyenyolewa vizuri, alikaa juu ya mto mbele ya maua, anatazama saa ya mkononi. Kushoto kwake Kuroiwa mwongozaji, miwani ya giza ndani ya nyumba. Upande wa dirisha waandishi na wapiga picha, viatu vimevuliwa, soksi zimetoboka, jiko la mkaa na chai mbele yao. Harufu ya mafuta ya nywele ilijaa mle ndani.

"Tuanze na mzazi," Tadokoro alisema. Alifanya hivyo kwa hesabu: baba wa mgonjwa akishainama, nani atabaki na neno?

Mzee Makita akasogea kwa magoti, akasukuma kasha lake mbele kwa ncha za vidole, akainama. Mataa ya kamera yakamulika. Aliongea sakafuni, kwa sauti ya mtu aliyerudia maneno yake njia nzima tangu Tango.

"Binti yangu mjinga amewaletea usumbufu mkubwa. Mimi niliyemlea ndiye mwenye lawama. Na zaidi ya hapo," hapa akainua kichwa kidogo, sauti ikatetemeka, "nashukuru sana, sana, Bwana Mkubwa, kampuni kumvumilia mara tisa."

Kalamu zikasimama. Mtu mmoja upande wa dirisha akaweka kikombe chini.

"Mara ngapi, mzee?" mwandishi akauliza.

"Hiyo tisa," Tadokoro akadakia huku akicheka, "mzee anasema tisa kwa maana ya nyingi, ni namna ya watu wa kule. Mara mbili. Si ndiyo, mzee? Mbili."

Mzee Makita alichanganyikiwa. Aliona amekosea, hajui wapi. Akageuka nyuma kwa tabasamu la kuomba msaada.

"Tisa, bwana. Bi Mizuhara ndiye ameniambia sasa hivi pale nje. Alikuwepo, aliona mwenyewe."

Na watu wote mle ndani wakamgeukia Namie.

Hakuna mwandishi wa filamu duniani angeweza kumwandalia mlango mzuri kuliko ule. Alichotakiwa ni neno moja, nalo lilikuwa limeshatamkwa na mwingine, yeye aitikie tu. Alijinyoosha. Alimwona Mkurugenzi Mkuu: hakuwa na hasira hata kidogo, alikuwa anasubiri kama mtu anayesubiri basi. Alimwona Kuroiwa amevua miwani, amekunja vidole viwili mbele ya jicho, anampima uso wake kwa mazoea, pale alipokaa, mwanga wa theluji unaingia kutoka kushoto. Wapiga picha watatu wameinua kamera. Vioo vitatu vyeusi vinamtazama yeye peke yake.

Halafu akaiona stesheni. Mvuke wa tambi, aproni, mikono myekundu. Watu wanapita, wanaweka bakuli, wanakwenda. Hakuna hata mmoja anayeinua macho.

Angependa iwe ni kwa ajili ya mama yake, au ya Yasuji na ukuta wake, au ya lile tumbo. Angeweza kuishi na hilo, angewalaumu wao mpaka kufa. Hawakumjia akilini hata kidogo. Alijijua wakati ule ule kwamba ni yeye mwenyewe, Namie, anayetaka kutazamwa, na alijichukia, na kujichukia huko hakukumzuia.

Akaweka viganja sakafuni. Mabega yakashuka yenyewe.

"Nisameheni," alisema. "Nilichoka siku ile. Kichwa kiliniruka. Zilikuwa mara mbili."

Akainama mpaka chini kabisa, akakaa pale. Halafu akainuka, taratibu, na chozi likatoka jicho la kulia, la upande wa dirisha, likashuka mpaka kidevuni. Mataa yakamulika mfululizo.

Mzee Makita alikuwa anamtazama mdomo wazi. Namie alisubiri aseme: bibi, mbona uliniambia? Hata chuki angeipokea. Lakini mzee alijipiga kichwani kwa kiganja, akamgeukia, akainama mbele yake kuliko alivyoinama kwa Mkurugenzi Mkuu.

"Nisamehe, bibi. Uzee huu. Nimeyasikia vingine, nikakubebesha maneno mbele ya wakubwa. Nisamehe sana."

"Haidhuru, mzee," Namie alisema. Sauti yake ilitoka nzuri, ya upole, ya mwanamke mwenye moyo mkubwa. "Haidhuru kabisa."

"Basi, basi," Mkurugenzi Mkuu alisema kwa mara ya kwanza, akiinuka na kushika kiuno. "Hatsue wenu apone. Awe mwangalifu siku nyingine." Akatoka. Makasha yote mawili yalibaki pale mkekani, wala hakuyatazama.

* * *

Kwenye mlango wa kuvulia viatu mzee alichelewa, vidole vya miguu vilikuwa vimekufa ganzi kwa kukaa kwenye ubao. Namie aliharakisha kuvaa viatu vyake ampite, lakini mzee alimshika ncha ya mkono wa kimono, akauachia mara moja kwa hofu ya alichofanya.

"Bibi, naona haya kuomba." Akatoa kifuani kitambaa cha hariri, cheupe, kipya, kimekunjwa mara nne. "Hiki nimekifuma mwenyewe. Hatsue anakupenda, kila barua ni Dada Namie hivi, Dada Namie vile. Ungeniandikia jina lako tu. Natoka hapa nakwenda moja kwa moja hospitali. Akiliona atapata nguvu."

Tadokoro alikuwa nyuma na kalamu ya brashi tayari, watu wa kampuni hawatembei bila hiyo. Mpiga picha mmoja akasogea. Namie alikishika kile kitambaa. Kilikuwa laini, bila kosa hata moja, na alijua kitafunguliwa saa ngapi, kwenye kitanda kipi, na nani.

Akaandika. Mizuhara Namie, herufi nne za Kijapani zinazoshuka, ya mwisho kwa mkia mrefu wanaoupenda mashabiki. Mpiga picha akasema asante.

Ndani ya gari Tadokoro alikaa mbele, akageuka na kuegemeza kiwiko kwenye kiti. "Bibi, nikwambie ukweli? Nimefanya kazi hii miaka kumi na miwili. Lile chozi sijapata kuliona. Kuroiwa kaniambia mwenyewe, kasema mwezi wa nne anakutaka wewe, na si kwa nafasi ya mama. Jicho la kulia tu! Unafanyaje?"

"Sijui," Namie alisema.

Gari likaanza kuondoka. Mzee Makita alikuwa amesimama kando ya lango kwenye tope, kitambaa kimerudi kifuani, na alipoona gari linapita aliinama mpaka kiunoni akabaki hivyo, kama inavyompasa mtu mwenye adabu, mpaka gari lipotee. Barabara ile ilikuwa ndefu na imenyooka. Kila Namie alipogeuka alikuwa bado yuko pale, ameinama, anazidi kuwa mdogo. Na yeye, kwa mazoea ya miaka ishirini na moja, alishusha kioo, akatoa mkono nje, akampungia huku anatabasamu.